Kwa nini Ousmane Sembène alishika kamera karibu na miaka arobaini

Msomaji wetu mmoja anayesomea fasihi ameuliza: “Darasani tunamsoma Ousmane Sembène wa Senegal kama mwandishi wa riwaya. Juzi nimekuta anaitwa baba wa sinema ya Afrika. Je, ni huyo huyo? Na kama alikuwa tayari mwandishi mwenye jina, ni nini kilichomtoa kwenye vitabu kikampeleka kwenye filamu, tena ukubwani? Nianze na filamu yake ipi?”

Ndugu yangu, ni huyo huyo. Ila vitabu hakuviacha; aliendelea kuandika hadi miaka ya 1990 huku akiongoza filamu. Alichofanya alipokaribia miaka arobaini ni kulikubali jambo ambalo waandishi wengi wa rika lake walilijua lakini hawakupenda kulitamka: watu aliokuwa akiwaandikia hawakuweza kumsoma.

Nimefundisha filamu zake kwa miaka mingi, na kila nikizirudia jicho langu huangukia kitu kilekile, karatasi. Barua, kibali, cheti, hundi. Filamu zake za mwanzo zinamweka mtu mzima mwenye akili timamu mbele ya karatasi asiyoweza kuisoma, na pembeni yake yupo mwingine wa kumsomea. Nitajibu kwa kuifuata karatasi hiyo, maana ndiyo iliyomfikisha kwenye kamera.

Sembène alizaliwa mwaka 1923 mjini Ziguinchor, katika eneo la Casamance, kusini mwa Senegal. Baba yake alikuwa mvuvi, lakini mtoto hakuweza kuirithi kazi hiyo kwa kuwa bahari ilikuwa ikimlevya. Shuleni nako hakudumu. Alifukuzwa akiwa kijana mdogo baada ya kugombana na mwalimu mkuu. Akaenda Dakar, akafanya uashi, akafanya ufundi wa magari. Mwaka 1944 jeshi la Ufaransa likamwandikisha pamoja na wale askari Waafrika walioitwa tirailleurs sénégalais, akapelekwa Niger kuendesha lori. Mwishoni mwa miaka ya 1940 akavuka bahari kwenda Ufaransa, na hatimaye akawa kuli katika bandari ya Marseille.

Marseille ndiyo iliyomsomesha. Mchana alibeba magunia, na muda uliobaki aliutumia katika maktaba za chama cha wafanyakazi cha CGT, akijisomea mwenyewe kila kilichomjia mkononi. Alijiunga na Chama cha Kikomunisti. Makuli wa bandari ile walipogoma wasipakie silaha zilizokuwa zikipelekwa kwenye vita vya Ufaransa huko Indochina, naye alikuwamo. Kazi ile ilimvunja mgongo, akalazwa muda mrefu, na katika kuuguza ule mgongo akazidi kusoma na kuanza kuandika. Riwaya yake ya kwanza, Le Docker noir, yaani Kuli Mweusi, ilitoka mwaka 1956. Mwaka 1960 ikatoka ile mnayoisoma darasani bila shaka, Les Bouts de bois de Dieu, inayohusu mgomo wa wafanyakazi wa reli ya Dakar hadi Niger wa mwaka 1947 na 1948. Kwa hiyo uhuru wa Senegal ulipofika mwaka huohuo wa 1960, huyu hakuwa tena kuli. Alikuwa mwandishi anayesomwa Paris.

Tatizo likawa hapo hapo: anasomwa Paris.

Alirudi Afrika akazunguka nchi kadhaa kuijua upya. Safari moja alikuwa ndani ya chombo katika Mto Kongo. Baadaye alisimulia mara nyingi kwamba ni pale, akitazama watu, kingo za mto na mwendo wa maisha ukipita mbele yake, ndipo filamu ilipomwingia akilini. Yote yale angeweza kuyaandika kwa Kifaransa kizuri, na mvuvi wa Casamance asingepata hata sentensi moja. Lakini picha mvuvi angeiona. Tangu hapo alikuwa akisema kwamba sinema ni shule ya jioni ya watu wake. Nakuomba neno hilo ulichukue kama lilivyo. Shule ya jioni ni ya mtu aliyeshinda kazini mchana kutwa, kama yeye mwenyewe alivyokuwa Marseille.

Kumbuka pia kwamba kwa Mwafrika wa makoloni ya Ufaransa kushika kamera hakukuwa jambo la kuamka tu na kuamua. Tangu mwaka 1934 kulikuwa na amri, inayojulikana kama amri ya Laval, iliyotaka kila anayepiga filamu katika makoloni hayo apate kwanza kibali cha serikali ya kikoloni, na maandishi ya filamu yake yakaguliwe. Ndiyo maana mtengenezaji filamu Mwafrika Paulin Vieyra na wenzake, walipotaka kutengeneza filamu yao mwaka 1955, waliipiga Paris, ikaonyesha maisha ya Waafrika wa kando ya mto Seine. Vieyra huyo baadaye alikuwa msaada mkubwa katika filamu za Sembène.

Sembène aliomba nafasi za masomo katika nchi mbalimbali, Umoja wa Kisovieti ukampa. Akasoma Moscow, chini ya mwongozaji Mark Donskoy, katika studio za Gorky. Alikuwa na karibu miaka arobaini.

Aliporudi Dakar akatengeneza Borom Sarret, filamu ya mwaka 1963 yenye urefu wa takriban dakika ishirini. Ni siku moja ya mwenye gari la farasi. Abiria wanapanda, wengi hawalipi. Anampeleka mama mjamzito kujifungua. Halafu anapanda baba aliyempakata mtoto wake mchanga aliyefariki, wanakwenda makaburini, na mlinzi anamkatalia getini: karatasi zako hazijakamilika. Mwenye gari anaishusha ile maiti ndogo chini, anaondoka. Kamera haisemi neno. Baadaye mteja mwenye suti anamshawishi ampeleke Plateau, mtaa wa wakubwa ambako magari ya farasi yamepigwa marufuku. Polisi anamsimamisha. Katika kutafuta hati zake mfukoni, nishani yake ya vita inadondoka, na polisi anaikanyaga kwa kiatu. Gari linachukuliwa, na mteja wa suti ameshajiondokea. Mwenye gari anarudi nyumbani na farasi peke yake, mkewe anamkabidhi mtoto, anamwambia leo tutakula, anatoka. Anakwenda wapi? Filamu imekwisha.

Nimekutajia ule mguu juu ya nishani kwa sababu aliyeupiga picha mwenyewe alivaa sare ya Ufaransa. Alijua nishani ile ilipatikana kwa nini.

Kisha, mwaka 1966, ikaja La Noire de..., iliyompa jina duniani. Alikuwa ameshaiandika kama hadithi fupi mwaka 1962, nayo ilitokana na habari ya kweli iliyochapishwa gazetini Ufaransa. Diouana ni msichana wa Dakar anayelea watoto wa mume na mke Wafaransa. Wanamchukua hadi Antibes, kusini mwa Ufaransa, naye anawaza maduka na matembezi. Akifika, watoto hawapo. Kazi ni kupika, kufua na kusugua bafu, na nchi ya Ufaransa anaiona kupitia dirishani.

Kuna tukio moja humo ambalo ningependa ulitazame mara mbili. Barua imefika kutoka kwa mama yake. Diouana hajui kusoma, kwa hiyo bwana mwenye nyumba anamsomea: mama analalamika kwamba mtoto yuko kimya, hatumi kitu. Bwana, kwa nia yake njema, anachukua kalamu na kuanza kumjibia. Anaandika kwamba mimi sijambo, nimekaa vizuri. Diouana amesimama pale anawaza: hiyo si barua yangu. Na ile ya mama nayo hakuiandika mama, maana mama naye hajui kuandika. Mama na mwana wanaongea kwa midomo ya watu wengine, na ukweli umepotelea njiani. Diouana anaichana barua vipande. Tangu hapo hasemi tena na wenye nyumba kwa hiari, na mwisho wake ni mchungu. Nakuachia ukauone mwenyewe.

Sembène anaonekana kidogo katika filamu hii, akicheza mwalimu wa mtaani kwao Diouana. Katika filamu inayofuata, Mandabi, anacheza yule mwandishi wa barua anayekaa posta kuwasomea wasiojua kusoma. Sidhani kama alijipangia nafasi hizo kwa bahati. Alikuwa anajua fika kazi yake katika jamii ilikuwa ipi, na alijua pia kwamba yule anayekusomea barua ana uwezo juu yako.

La Noire de... ilipata Tuzo ya Jean Vigo nchini Ufaransa na Tanit ya Dhahabu, tuzo kuu ya tamasha la filamu la Carthage, Tunisia, mwaka huohuo wa 1966. Lakini haikupatikana kirahisi. Ofisi ya serikali ya Ufaransa iliyokuwa ikisaidia filamu za Waafrika iliukataa muswada wake. Na kwa kuwa hakuwa na kadi ya kitaaluma iliyotakiwa na sheria za filamu za Ufaransa, alilazimika kuipunguza hadi chini ya saa moja ili ihesabiwe kuwa filamu fupi. Ukiitazama utagundua jambo la ajabu zaidi: Diouana, ambaye katika hadithi Kifaransa chake ni cha kubahatisha, anawaza kwa Kifaransa safi kabisa. Sauti ile si hata ya Mbissine Thérèse Diop, mwigizaji unayemwona; ni ya Toto Bissainthe, mwimbaji wa Haiti. Pesa ya Ufaransa ilikuja na lugha yake. Sembène alikuwa amekimbia kitabu cha Kifaransa akajikuta ndani ya filamu ya Kifaransa.

Ndipo tunafika Mandabi ya mwaka 1968, na kama una muda wa filamu moja tu, tazama hiyo.

Inaanza chini ya mti, kinyozi ananyoa wateja. Kamera imesogea hadi unaona wembe ukiingia ndani ya pua na kusafisha nywele. Wanafunzi wangu hucheka hapo, kisha wananyamaza, maana wameanza kumwona yule mzee jinsi majirani zake wanavyomwona: mwili, joto, kanzu pana, majivuno. Huyo ni Ibrahima Dieng, ana wake wawili na watoto saba, na kazi hana kwa miaka minne. Mpwa wake anayefagia mitaa ya Paris amemtumia hawala ya fedha ya faranga 25,000. Kati ya hizo 2,000 ni zake Dieng, 3,000 ni za mama wa huyo kijana, na 20,000 ni za kumwekea akiba.

Habari inafika mtaani kabla hajaishika hawala. Wake zake wameshakopa mchele dukani. Majirani wanabisha hodi, kila mmoja na shida yake. Dieng anakwenda posta. Kitambulisho kiko wapi? Hana. Anakwenda polisi. Cheti cha kuzaliwa, picha tatu, stempu. Anakwenda halmashauri ya jiji. Ulizaliwa tarehe ngapi? Na hapo mzee anasimama, maana alizaliwa kama watu wote wa umri wake walivyozaliwa, siku moja isiyoandikwa na mtu. Mtaa mzima unamjua ni nani. Serikali ya nchi yake huru haimjui. Kila dirisha analipa kidogo, anakopa kidogo, anatapeliwa kidogo, na mwishowe ndugu msomi mwenye gari zuri anajitolea kumsaidia kuitoa ile fedha, wakaandikishana hati ya uwakilishi. Msomi anarudi na kisa cha kuibiwa njiani na gunia la mchele la kumtuliza.

Umeona? Ni karatasi ileile ya makaburini na ileile ya Antibes, isipokuwa sasa aliye nyuma ya dirisha si Mfaransa.

Na watu hao wote wanasema Kiwolofu. Fedha zilitoka tena Ufaransa, kwa hiyo Sembène alitakiwa kutoa filamu ya Kifaransa. Akapiga mbili, moja kwa Kifaransa na moja kwa Kiwolofu, waigizaji wakirudia maneno kwa lugha zote mbili. Ya Kiwolofu ndiyo iliyobaki mioyoni mwa watu. Kwa kawaida inahesabiwa kuwa filamu ndefu ya kwanza katika lugha ya Kiafrika kusini mwa Sahara. Tamasha la Venice liliipa tuzo maalumu ya waamuzi. Kwake mwenyewe, naamini, kubwa zaidi lilikuwa kuzunguka nayo Senegal, mji kwa mji na kijiji kwa kijiji, akikaa na watazamaji baada ya taa kuwashwa na kuwasikia wakibishana. Miaka minane baada ya riwaya yake kubwa, alikuwa amewapata wasomaji wake.

Wewe wa fasihi ya Kiswahili utapenda kujua kwamba hadithi hiyohiyo Amandina Lihamba aliigeuza tamthilia, Hawala ya Fedha, iliyochapishwa mwaka 1980. Zisome pamoja na filamu. Ni somo zuri la jinsi kisa kinavyohama nchi na lugha bila kupoteza meno.

Kuanzia hapo hakurudi nyuma kwenye suala la lugha. Emitaï ya mwaka 1971 inatumia Kidiola cha Casamance, alikozaliwa, na inahusu wanawake wanaoficha mpunga usichukuliwe na jeshi la Ufaransa wakati wa Vita Kuu ya Pili ya Dunia. Mwaka huohuo, pamoja na mwanaisimu Pathé Diagne, alianzisha Kaddu, gazeti la Kiwolofu. Xala ya mwaka 1975 inamhusu mfanyabiashara mkubwa anayeoa mke wa tatu na kushindwa usiku wa harusi. Bintiye Rama anamsemesha kwa Kiwolofu na baba anajibu kwa Kifaransa, na kwangu mazungumzo yao mafupi yana uzito kuliko mikoba ya fedha inayogawiwa mwanzoni mwa filamu.

Ceddo ya mwaka 1977 ilimletea kisa ambacho huwa nakisimulia kila mwaka. Filamu inaonyesha watu wa kale wanaokataa kulazimishwa kubadili dini, huku imamu akijitwalia kiti cha mfalme. Serikali ya Rais Léopold Sédar Senghor iliizuia nchini. Sababu iliyotolewa rasmi? Tahajia. Kwa mujibu wa kanuni za serikali za kuandika Kiwolofu, jina lile lilipaswa kuwa na d moja; Sembène aliandika mbili na akakataa kuondoa hata moja. Wengi waliamini, nami nimo, kwamba kilichoitisha serikali ni namna filamu ilivyouchora Uislamu na utawala. Hata hivyo usiicheke ile d. Mshairi wa Kifaransa aliyekuwa rais na kuli aliyejisomesha Marseille walikuwa wanagombea nani ana haki ya kuamua lugha ya watu inaandikwaje. Sembène hakuliona hilo kuwa jambo dogo. Nyumba yake ya Dakar aliipa jina Galle Ceddo.

Kwa Camp de Thiaroye ya mwaka 1988, aliyoiongoza pamoja na Thierno Faty Sow, alikwepa pesa ya Ufaransa kabisa; fedha zilitoka Senegal, Algeria na Tunisia. Na alikuwa na sababu. Inahusu askari Waafrika waliotoka katika kambi za mateka za Wajerumani, wakarudishwa Thiaroye karibu na Dakar, wakadai mishahara yao, na alfajiri ya tarehe 1 Desemba 1944 jeshi la Ufaransa likawapiga risasi. Idadi ya waliouawa inabishaniwa mpaka leo. Mwaka huo wa 1944 ndio aliokuwa ameandikishwa yeye.

Wengine wamembandika jina la baba, na mimi silipingi, ingawa lina hatari ya kumfanya Vieyra asahaulike. Zaidi ya filamu zake, alikuwa miongoni mwa walioanzisha tamasha la filamu la FESPACO la Ouagadougou mwaka 1969, ili filamu za Waafrika zionwe kwanza na Waafrika.

Sasa, wapi pa kuanza. Tazama Borom Sarret kwanza, ni fupi na ina kila kitu atakachokifanya baadaye. Kisha La Noire de..., kisha Mandabi, kwa mfuatano huo, ili usikie lugha inavyobadilika kutoka msimulizi wa Kifaransa hadi watu wanaobishana kwa Kiwolofu dukani. Thiaroye uiweke siku yake peke yake, ni ndefu na nzito. Ceddo iache hadi umemzoea. Mwendo wake ni wa baraza la wazee, kila mtu anapewa nafasi ya kusema, na asiye na subira huiacha njiani.

Halafu malizia na Moolaadé ya mwaka 2004, filamu yake ya mwisho, iliyopata tuzo ya Un Certain Regard huko Cannes. Alikuwa na miaka 81 ilipotoka; alifariki Dakar Juni 2007. Aliipiga katika kijiji cha Djerrisso, Burkina Faso, na watu wanasema Kibambara. Wasichana wadogo wanaokimbia kukeketwa wanakimbilia kwa mama mmoja, Collé, anayechezwa na Fatoumata Coulibaly, naye anafunga kamba ya rangi mlangoni: huo ni ulinzi, na hakuna mtu anayeruhusiwa kuuvuka. Hakuna karatasi wala muhuri, na kijiji kizima kinaielewa kamba ile bila kusomewa na mtu. Wazee, wakitafuta kilichowaharibia wanawake akili, wanaamua ni redio. Zinakusanywa zote, zinarundikwa mbele ya msikiti, zinachomwa moto. Zingatia sauti katika tukio hilo: kabla moto haujazifikia, baadhi ya redio zile bado zinaongea.